Sheria Isiyofundishwa: Neno Takatifu katika Nchi ya Kusadikika

1. Utangulizi

Mtunzi wa nchi ya kubuni huanza kazi yake kwa kuchora mipaka, kumweka mfalme na kuwapa raia desturi zao. Hata hivyo, nchi hiyo haisimami imara mpaka ipewe neno ambalo wakazi wake wanalihesabu kuwa liko juu yao: msahafu, wosia wa wahenga, sheria iliyoshuka, au simulizi inayorithishwa kizazi hadi kizazi. Neno hilo ndilo linaloeleza kwa nini watu wanatii. Kwa hiyo mhakiki anayetaka kujua nchi ya kubuni imejengwa juu ya msingi gani hana budi kuuliza maswali matatu. Neno takatifu la nchi hiyo ni lipi? Nani ana haki ya kulisoma na kulifundisha? Na je, mtawala naye yuko chini yake?

Makala haya yanaelekeza maswali hayo kwa Kusadikika, riwaya ya Shaaban Robert (1909–1962) iliyochapishwa mwaka 1951. Kwa ajili ya kulinganisha, inatazamwa pia simulizi ya Mwindo ya Wanyanga wa Kivu, ambayo nayo ina mji wake wa kubuni na sheria zake zilizotoka mbinguni. Hoja inayotetewa ni kwamba Shaaban Robert ameumba nchi ambayo kitu chake kitakatifu kuliko vyote ni sheria, na kwamba utakatifu huo umetokana na kuifunga sheria isifundishwe. Riwaya nzima ni jaribio la kuufungua msahafu huo. Kwa msomaji wa Kalemie jambo hilo haliishii katika fasihi, kama itakavyoonekana.

2. Jina la nchi na kauli yake

Wahakiki wengi huanza na majina ya wahusika, kwa kuwa Karama, Majivuno na wenzao wamebeba sifa zao katika majina yao. Jina la nchi yenyewe halijapewa uzito unaolingana na huo. Kusadikika ni kitenzi kabla ya kuwa mahali. Shina lake ni sadiki, neno lililotoka katika Kiarabu, lenye mzizi unaohusu ukweli. Mzizi huo ndio uliozaa pia neno sadaka. Msomaji wa Kurani anapomaliza kisomo hutamka kwamba Mungu Mtukufu amesema kweli, na kitenzi anachokitumia ni cha mzizi huo huo. Hivyo basi, jina la nchi limechotwa katika msamiati wa imani, tena mahali pale ambapo imani inakutana na kisomo.

Kwenye shina hilo mwandishi ameongeza kiambishi cha kauli ya kutendeka. Wanafunzi wa sarufi wanajua kwamba kauli hii ina tabia ya pekee. Mtu husema kwamba mlango umefunguliwa na mtoto, na mtenda anatajwa. Akisema kwamba mlango umefunguka, mtenda ametoweka na haulizwi. Vivyo hivyo, habari inayosadikiwa ina watu wanaoisadiki, na kwa kawaida wanaweza kutajwa. Habari inayosadikika inajitegemea, kana kwamba imani imo ndani yake yenyewe na haihitaji mtu wa kuiamini wala wa kuitilia shaka.

Nchi ya Kusadikika inatawaliwa kwa sarufi hiyo hiyo. Sheria yake inatendeka bila mtenda. Watu wanafungwa, na kifungo kinaonekana kuwa matokeo ya jambo lililokuwapo siku zote. Hakuna anayesimama na kusema kwamba ni yeye aliyeitunga sheria hiyo, kwa sababu hii na ile. Hata mahali ilipowekwa nchi hii panaafiki: inaning'inia angani, haina ardhi chini yake. Mamlaka yake nayo inaelea hivyo hivyo, haina msingi unaoweza kufukuliwa na kukaguliwa.

3. Msahafu uliofungwa

Kisa chenyewe kinajulikana. Karama anashtakiwa mbele ya baraza la mfalme, na mshtaki wake ni Waziri Majivuno. Kosa lake ni kufundisha elimu ya sheria. Hakuiba wala hakuua, na hakuinua silaha dhidi ya kiti cha enzi. Alitaka watu wajue sheria inasema nini na inafanyaje kazi. Hapo ndipo penye kiini cha riwaya, na msomaji anayepita haraka ili awahi safari za wajumbe huenda asikione.

Serikali inayoiheshimu sheria yake ingefurahi kuiona ikifundishwa. Mwalimu wa sheria angekuwa msaidizi wa mfalme, kwa maana raia anayeijua sheria ni rahisi zaidi kuitii. Kusadikika inamwona mwalimu huyo kuwa adui. Ni lazima, basi, kwamba sheria ya nchi hiyo inafanya kazi nyingine tofauti na kuongoza mwenendo wa watu. Kazi yake ni kutisha, na kitu cha kutisha hupungua nguvu kikichambuliwa. Mtu anayejua kifungu cha sheria anaweza kuuliza kama kifungu hicho kimetumika sawasawa. Asiyekijua anabaki na jambo moja tu, nalo ni kuinamisha kichwa.

Kwa maana hiyo sheria ya Kusadikika ina alama zote za kitu kitakatifu kwa umbo la nje. Inatajwa kwa heshima, ina walinzi, na anayeigusa bila idhini anaadhibiwa. Kinachokosekana ni maneno yake. Riwaya haimpi msomaji kitabu cha sheria hizo akifungue pamoja na raia. Upungufu huo haufai kuhesabiwa kuwa udhaifu wa mtunzi. Shaaban Robert amewaweka wasomaji wake katika hali ile ile ya Wasadikika: wanaisikia sheria ikitajwa, wanaona matokeo yake juu ya miili ya watu, lakini kurasa zake hawazioni.

Ufafanuzi uliozoeleka ni kwamba Kusadikika ni fumbo la Tanganyika chini ya Waingereza. Ufafanuzi huo una haki yake. Ng'ambo ya pili ya ziwa, katika Kongo ya Wabelgiji, ungepata ushahidi wa ziada. Dekreti ya tarehe 15 Aprili 1926 ilizipanga mahakama za wenyeji, ambamo machifu na wazee waliamua kwa desturi. Mahakimu wa mahakama zilizohukumu kwa sheria iliyoandikwa walikuwa Wazungu, na hali hiyo iliendelea hadi uhuru wa tarehe 30 Juni 1960. Wenyeji waliachiwa desturi, na kitabu kikabaki mikononi mwa wengine. Lakini ufafanuzi wa ukoloni peke yake unaifunga riwaya katika mwaka wake wa kuchapishwa. Wakoloni waliondoka, na swali la nani anaifundisha sheria halikuondoka pamoja nao.

4. Siku sita za Karama

Karama anapewa nafasi ya kujitetea, na utetezi wake unachukua siku sita. Kila siku anasimulia habari za mjumbe mmoja aliyetumwa katika nchi jirani, akarudi na maarifa ya kuifaa Kusadikika, kisha akapokewa kwa adhabu. Wajumbe ni sita, na pande walikoelekea ni sita: zile nne za dunia, juu na chini.

Msomaji aliyelelewa na Kurani au na Biblia hawezi kuisikia idadi ya siku sita bila kukumbuka kuumbwa kwa mbingu na nchi. Iwapo mwandishi alikusudia hivyo au hakukusudia, muundo unafanya kazi yake. Baraza linapomsikiliza Karama siku baada ya siku, nchi inaumbwa upya kwa maneno. Mshtakiwa wa kosa la kufundisha sheria anaigeuza kesi yake kuwa darasa, na wanafunzi wa darasa hilo ni mfalme, mawaziri na watu waliohudhuria. Shtaka limemletea jukwaa ambalo asingelipata kwa njia nyingine.

Jambo la kuzingatia zaidi ni namna ya maneno yenyewe. Karama hasomi vifungu. Anasimulia. Anaweka mezani safari, ahadi, marejeo na adhabu za watu wenye majina, kisha anawaachia wasikilizaji wahukumu. Kwa njia hiyo nchi isiyokuwa na msahafu wa kusomwa inapewa simulizi inayoweza kukumbukwa na kurudiwa. Sheria ya zamani ilificha watenda wake. Simulizi ya Karama inawataja: nani alitumwa, alileta nini, alitendwaje. Kauli ya kutendeka inageuzwa kuwa kauli ya kutenda na kutendwa, na mtenda anarudishwa katika sentensi.

Hata hivyo, uhakiki hauna budi kutaja mpaka wa ushindi huo. Karama anaachiwa huru, na wajumbe waliofungwa wanafunguliwa. Uamuzi lakini bado unatoka kinywani mwa mfalme. Mfalme ameshawishika, naye ni mfalme mwema wa kutosha kushawishika. Je, angekuwa na moyo mgumu? Riwaya haijibu. Majibu mawili ya maswali yaliyoulizwa katika utangulizi yamepatikana: neno takatifu ni sheria, na haki ya kuifundisha imepiganiwa hadi ikapatikana. Swali la tatu, yaani kama mtawala naye yuko chini ya neno hilo, limeachwa nusu. Mfalme wa Kusadikika anasikiliza vizuri, lakini anasikiliza akiwa ameketi juu.

5. Tubondo: sheria iliyolipiwa na mtawala

Swali hilo la tatu linajibiwa vizuri zaidi katika simulizi ya Wanyanga. Mwaka 1956, mtambaji Candi Rureke aliisimulia na kuiimba habari ya Mwindo kwa siku kumi na mbili mbele ya Daniel Biebuyck. Mwaka 1969 Biebuyck na mwanaisimu Mkongo Kahombo Mateene waliichapisha katika kitabu, Kinyanga kikiwa pamoja na tafsiri ya Kiingereza. Mji wa simulizi hiyo unaitwa Tubondo, na mtawala wake wa kwanza ni Shemwindo, baba yake Mwindo, ambaye hakutaka kupata mtoto wa kiume.

Mwindo anazaliwa akiwa tayari anatembea na kusema. Ana fimbo yenye nguvu, na hachoki kujisifu. Tukitumia lugha ya Shaaban Robert, Karama na Majivuno wanaishi ndani ya mtu mmoja. Baada ya kumshinda baba yake na kupatana naye, anamuua Kirimu, joka la msituni, bila kujua kwamba joka hilo lina urafiki wa damu na Nkuba, bwana wa radi. Nkuba anamchukua Mwindo hadi mbinguni. Huko anakaa mwaka mmoja akiteswa na baridi, mvua na jua, na fimbo yake haimsaidii kitu. Anakatazwa kuua wanyama ovyo. Anaporudi Tubondo anawaita watu wake na kuwatangazia maagizo: walime vyakula vingi, wajenge nyumba nzuri, wasigombane, wasimcheke mgonjwa anayepita kijijini. Wamheshimu na kumwogopa chifu, na chifu naye awaogope wao.

Agizo hilo la mwisho ndilo linaloitofautisha Tubondo na Kusadikika. Hofu inakwenda pande mbili. Mtawala anayetangaza sheria ameshaadhibiwa kwa sheria, mwili wake ukiwa shahidi, kabla ya kuidai kwa wengine. Sheria yenyewe inasemwa mbele ya wote, katika lugha ya wote, na mtambaji anairudisha tena kila anapokaa kusimulia. Haifai kuipamba Tubondo kupita kiasi. Miongoni mwa maagizo ya Mwindo imo adhabu ya kifo kwa anayemtongoza mke wa mtu, na hakuna baraza linalomsikiliza mshtakiwa siku sita. Lakini mtu anayehukumiwa Tubondo hawezi kusema kwamba hakuwahi kuisikia sheria.

Huenda ikapingwa kwamba kila neno takatifu lina walinzi wake, na kwamba kufunga si dhuluma daima. Mfano mzuri uko karibu, kwa Waluba, ambao ni sehemu ya wakazi wa jimbo la Tanganyika. Lukasa, ubao wa mti uliopambwa kwa shanga na kombe, ulisomwa kwa vidole na macho na wanachama wa chama cha Mbudye, na asiyeingizwa katika chama hicho hakuweza kuusoma. Pingamizi hilo lina nguvu, lakini linaishia kuitia nguvu hoja ya makala haya. Walinzi wa lukasa walipewa kazi ya kuikumbusha jamii asili ya ufalme na masharti yake, na kumbukumbu hiyo ilikuwa kizuizi juu ya mfalme mwenyewe. Walifunga kitabu ili mfalme asiweze kukigeuza apendavyo. Kusadikika wanakifunga ili raia asiweze kumuuliza mfalme. Kufuli ni moja, lakini mlango unalindwa dhidi ya watu tofauti.

6. Kitabu katika pwani ya magharibi ya ziwa

Riwaya hii ikisomwa Kalemie inasikika kwa namna yake. Kiswahili kilifika katika pwani hii pamoja na misafara ya karne ya 19, na pamoja nacho ikaja Kurani, iliyosomwa kwa Kiarabu. Mwaka 1885 Mapadri Weupe waliipokea ngome ya Mpala, kusini mwa mji wa leo, wakaanza kufundisha dini kwa Kiswahili, ingawa misa yenyewe ilisemwa kwa Kilatini hadi miaka ya 1960. Utawala wa Wabelgiji ukaleta kitabu cha tatu, cha sheria, kwa Kifaransa. Vitabu vitatu vyenye mamlaka, lugha tatu, na mbele ya kila kimoja umati unaosema Kiswahili. Watu wa pwani hii wamezoea tangu zamani kuliheshimu neno kwa kupitia kinywa cha mtu mwingine.

Vitabu viwili vya kwanza, kwa njia tofauti, vilipata walimu kutoka miongoni mwa wenyeji. Waalimu wa chuoni waliifasiri Kurani kwa mdomo kwa ajili ya wanafunzi wao. Stefano Kaoze, Mtabwa aliyepata daraja la upadri mwaka 1917, alikuwa padri wa kwanza Mkongo wa enzi ya ukoloni, na kabla ya hapo alikuwa amekwisha kuandika kuhusu fikra za watu wake. Kitabu cha tatu ndicho kilichochelewa zaidi kufunguliwa.

Katiba ya tarehe 18 Februari 2006 inafahamu tatizo hilo. Ibara ya 1 inakitaja Kifaransa kuwa lugha rasmi, na Kiswahili kuwa mojawapo ya lugha nne za taifa. Ibara ya 18 inaagiza kwamba mtu aliyekamatwa aelezwe mara moja sababu za kukamatwa kwake, katika lugha anayoielewa. Ibara ya 142 inaipa serikali siku sitini baada ya kutiwa saini kwa sheria ili isambazwe kwa Kifaransa na katika kila moja ya lugha nne za taifa. Kwa ibara hizo, kazi aliyoshtakiwa nayo Karama imekuwa wajibu wa serikali. Lakini sheria zinaendelea kutungwa kwa Kifaransa, na wajibu ulioandikwa haugeuki kuwa tafsiri kwa nguvu zake wenyewe. Ibara ya 142 yenyewe inahitaji kusambazwa ndipo raia ajue kwamba anayo haki ya kuidai.

Hapa idara za Kiswahili zina kazi ambayo wanasheria hawawezi kuifanya peke yao. Tanzania, nchi ya Shaaban Robert, ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama kwa sheria ya mwaka 2021, miaka sabini baada ya Kusadikika kuchapishwa. Msamiati wa wakili, rufaa, dhamana na hati ya mashtaka uko tayari. Hata hivyo, kuuhamisha mzima mzima hadi Kalemie kungeweza kuzaa msahafu mwingine uliofungwa. Mama anayefuatilia kesi ya mwanawe mjini hapa anasema tribinali na avoka, na anaweza kushindwa na tafsiri sanifu kama anavyoshindwa na Kifaransa. Tafsiri inayomfaa ni ile inayoweka maneno hayo mawili bega kwa bega, ikaeleza, ikatoa mfano, na kumtaja mtenda katika kila sentensi: nani anaamua, nani anaweza kupinga, kwa siku ngapi. Sentensi za kauli ya kutendeka, ambazo waandishi wa hati rasmi wanazipenda, hazina budi kutiliwa shaka.

7. Hitimisho

Uchambuzi huu umeonyesha kwamba nchi ya Kusadikika inayo maandiko yake matakatifu, ingawa hayaonekani. Ni sheria inayoheshimiwa kwa kutosomwa. Karama anaipinga kwa kusimulia hadharani, na simulizi yake inashika nafasi ya msahafu ambao nchi haikuwa nao. Simulizi ya Mwindo inaongeza sharti ambalo riwaya ya Shaaban Robert haikulifikia, yaani kwamba mtawala aonje sheria kabla ya kuitangaza.

Kusadikika hufundishwa zaidi kama kitabu cha maadili na mafumbo ya majina. Ingefaa ifundishwe pia kama kitabu kuhusu kusoma, na mwalimu anayekifundisha aombe darasa lake liweke Ibara ya 142 kando ya shtaka la Majivuno na kuzisoma pamoja, kwa Kiswahili. Mwanafunzi atakayemaliza zoezi hilo atakuwa ametenda kosa lile lile alilotenda Karama. Katika nchi hii, tangu mwaka 2006, kosa hilo ni haki yake.